Kandanda, ngumi au risasi: gemu ipi ina wateja?

Swali limetoka kwa msomaji wa Umoja, Nairobi: "Mimi na kaka yangu tumepata chumba, hatua chache kutoka stejini, na pesa za mashine nne za PS4 na televisheni zake, tufungue banda la gemu. Kinachotusumbua ni ushauri. Mpwa wetu anaapa kwamba vijana siku hizi ni gemu za risasi, Free Fire na Call of Duty, tu. Jirani mwenye banda anasema nje ya FIFA, ile ya kandanda, hakuna pesa. Nikisoma mtandaoni naona orodha zinazosema gemu za risasi ndizo zinaongoza duniani, na nyingine zinasema ni za mafumbo. Nani anasema kweli, na tuanze na gemu gani?"

Wote wanasema kweli, dada, na hapo ndipo pesa za watu hupotelea. Kila mmoja amepima kitu chake. Mpwa wako anahesabu simu zilizo mikononi mwa wenzake. Jirani anahesabu sarafu zilizo kwenye mkebe wake. Waandishi wa orodha za mtandaoni wanahesabu nakala zilizouzwa, au dola zilizoingia, au watu walio kwenye seva kwa wakati mmoja, na mara nyingi hawakuambii ni kipi kati ya hivyo. Ukisikia "aina inayopendwa zaidi", uliza kwanza imepimwa kwa debe au kwa kilo.

Tuanze na nakala zilizouzwa, kipimo cha zamani kuliko vyote. Kwa kipimo hiki Minecraft, gemu ya kujenga, iko kileleni: ilipita nakala milioni 300 mwaka 2023. Grand Theft Auto V, iliyotoka Septemba 2013, imepita milioni 200. Sasa tazama Wii Sports: zaidi ya milioni 80. Je, dunia ilikuwa na kiu ya tenisi na bolingi ya kwenye skrini? Sehemu kubwa ya nakala hizo ziliingia majumbani ndani ya kasha la mashine yenyewe. Aliyenunua Wii karibu popote nje ya Japani alipewa Wii Sports atake asitake. Na GTA V imeuzwa kwa vizazi vitatu vya mashine, PS3, kisha PS4, kisha PS5, kwa hiyo mtu mmoja anaweza kuwa amehesabiwa mara tatu. Upande wa pili kuna Fortnite, Free Fire na PUBG Mobile, ambazo hazina bei ya kuzipata. Ukipima kwa nakala zilizouzwa, gemu hizo tatu zina sifuri.

Halafu kuna suala la masanduku. GTA V ni ya aina gani? Ina magari, ina bunduki, ina hadithi, ina gofu hata. Orodha moja huitia kwenye "vitendo na safari", nyingine kwenye "ulimwengu huru", nyingine kwenye "risasi". Ukihamisha gemu hiyo moja kutoka sanduku hili hadi lile, umehamisha nakala milioni 200, na mshindi wa orodha anabadilika bila hata mchezaji mmoja kubadili anachocheza. Hilo sanduku la "vitendo na safari" ni kama stoo ya nyumba: kila kisicho na mahali hutupwa humo, ndiyo maana huwa kubwa kila mwaka. Ukiona limeongoza, pita.

Kipimo cha pili ni watu walio mchezoni kwa wakati mmoja, na hapo chanzo ambacho kila mtu hunukuu ni Steam, duka la gemu za kompyuta, kwa sababu huonyesha hesabu zake waziwazi. Rekodi yake ni ya PUBG, zaidi ya watu milioni 3.2 kwa mpigo mwezi Januari 2018, na Counter-Strike, nayo ya risasi, haishuki sana kutoka juu. Ndiyo asili ya ule usemi kwamba risasi inaongoza duniani. Lakini Steam ni ya kompyuta. Haioni PlayStation wala simu, na kandanda huchezwa zaidi kwenye mashine za sebuleni. Kuitumia Steam kukadiria wateja wa Umoja ni sawa na kukaa Barabara ya Thika ukihesabu matatu ili ujue njia ya Ngong Road ina abiria wangapi.

Kipimo cha tatu ni pesa. Takriban nusu ya mapato yote ya gemu duniani hutoka kwenye simu, na humo mafumbo yana nguvu ambayo vijana hawaiamini: Candy Crush Saga ya mwaka 2012 imeingiza zaidi ya dola bilioni 20 tangu ianze. Wanaoicheza ni watu wazima, kwenye kiti cha matatu na kwenye foleni ya benki, dakika tano tano. Hakuna hata mmoja wao atakayekuja kukulipa akae kwenye benchi lako. Honor of Kings ya China ilitangazwa mwaka 2020 kuwa na wastani wa wachezaji milioni 100 kwa siku. Uliza stejini pale Umoja uone ni wangapi wameisikia.

Kwa hiyo orodha za dunia hazikudanganyi, ila hazijibu swali lako. Swali lako lina kipimo cha nne, ambacho hakuna anayekichapisha: shilingi kwa saa kwa kila skrini, ukizidisha kwa saa ambazo skrini hiyo ina mtu.

Free Fire ya mpwa wako inastahili heshima. Ilitengenezwa kwa simu za bei nafuu zenye kumbukumbu ndogo, raundi yake ina watu 50 na huisha kwa takriban dakika kumi, wakati PUBG Mobile ina watu 100 na inaweza kufika nusu saa. Kwa kijana mwenye simu ya kawaida na bando la siku, tofauti hiyo ndiyo kila kitu. Tena mchezo wenyewe hula data kidogo tu. Kinachomaliza bando ni masasisho. Umaarufu wake mtaani ni wa kweli kabisa, na kwako hauleti shilingi, kwa sababu mteja tayari ana mashine mfukoni mwake. Unachoweza kumuuzia ni Wi-Fi ya kupakulia sasisho, tundu la kuchajia na kiti. Benchi moja ukutani lenye soketi sita linatosha, usimpe skrini.

Kinacholipa bandani ni kile ambacho simu haiwezi kumpa: mpinzani aliyeketi begani mwake, na watu watano nyuma wanaopiga kelele. Unamuuzia mpinzani, mashine ni kisingizio tu. Ukishika hilo, aina zinajipanga zenyewe. Zinazochezwa na wawili kwenye skrini moja, kwa mechi fupi yenye mshindi, zinalipa. Zinazochezwa na mmoja dhidi ya kompyuta, au na wengi walio mbali, hazilipi au zinalipa kwa shida.

Hapa ndipo Call of Duty inaanguka, ingawa jina lake liko midomoni mwa kila mtu. Gemu nyingi za risasi za siku hizi zimeacha kugawa skrini kwa watu wawili, au zimeibakiza sehemu hiyo kama mabaki. Uhondo wake uko mtandaoni. Mtandaoni kunataka uanachama wa PlayStation Plus kwa karibu kila gemu ya kununuliwa, na zaidi ya hayo kunataka umbali mfupi. Nairobi hadi London ni kama kilomita 6,800 kwa mstari wa ndege. Mwanga ndani ya kebo hukimbia takriban kilomita 200,000 kwa sekunde, kwa hiyo kwenda na kurudi ni milisekunde 68 hata kama kebo ingenyooka kama rula, na kebo hainyooki: inashuka Mombasa, inapita baharini, inapokewa na vituo kadhaa. Johannesburg, kwa hesabu ile ile, ni kama milisekunde 29 kabla ya mizunguko. Mteja wako akipangiwa seva ya Ulaya ataona amempiga adui, kisha ataona amekufa yeye. Atalaumu pedi yako. Kuna na suala la kupakua: gemu ya gigabaiti 100 kwa laini ya megabiti 20 kwa sekunde ni saa kumi na moja za kupakua mfululizo, na laini hiyo hiyo ndiyo ile uliyowauzia watu wa Free Fire benchini. Usiweke gemu ya mtandaoni miezi mitatu ya kwanza.

Sasa kandanda. Jirani yako anaposema FIFA anamaanisha gemu ambayo jina lake rasmi limebadilika: toleo la mwisho lenye jina la FIFA lilikuwa FIFA 23, na tangu Septemba 2023 kampuni ya EA huiuza kama EA Sports FC. Mtaani jina la zamani halijahama. Waliokulia kwenye PS2 watakuambia pia habari za mpinzani wake, Winning Eleven, iliyoitwa PES pia, na hiyo nayo ina somo kwa mwenye banda. Mwaka 2021 PES iligeuzwa eFootball, ya bure, na ikatoka ikiwa na kasoro nyingi hadi ikachekwa dunia nzima. Aina ya kandanda haikupoteza mtu. Walihamia mlango wa pili. Umaarufu wa aina na umaarufu wa gemu moja ndani yake ni vitu viwili.

Kwa nini kandanda inashika hivi? Watu hujibu haraka: kwa sababu Wakenya wanapenda Ligi Kuu ya Uingereza. Ni kweli, na faida yake kubwa bandani ni kwamba hakuna wa kufundishwa sheria. Anayeingia kwa mara ya kwanza anajua tayari otea ni nini. Ila kuna sababu ya pili ambayo haisemwi sana: kandanda ina mizani ya kupunguza pengo la uwezo. Mchezaji dhaifu huchukua Real Madrid, bingwa wa mtaa huchukua timu ya katikati ya jedwali, na mechi inakuwa mechi. Hata akifungwa mabao mawili kwa moja anaamini alikaribia, na anayeamini alikaribia hulipia nyingine.

Gemu za ngumi hazina mizani hiyo, na ndiyo udhaifu wao wa pekee, kwa sababu kwa kila kitu kingine zilizaliwa kwa ajili ya chumba kama chako. Street Fighter II ya mwaka 1991 iliundwa kumeza sarafu kila baada ya dakika chache, na Tekken na Mortal Kombat ni ndugu zake. Raundi ni fupi, skrini ni moja, mshindi yuko wazi, na mtazamaji aliye mlangoni anaelewa nani anapigwa bila kuelezwa. Tekken tena ina mpangilio wa vitufe unaoweza kumfafanulia mtoto kwa sekunde kumi: mraba ni mkono wa kushoto, pembetatu mkono wa kulia, X mguu wa kushoto, duara mguu wa kulia. Lakini aliyekaa miaka mitatu akijifunza mfululizo wa mapigo atamning'iniza mgeni hewani mpaka uhai uishe, na mgeni huyo harudi. Nairobi ina wachezaji wa Tekken wa kiwango cha juu. Sylvia Gathoni, ajulikanaye kama QueenArrow, alisajiliwa na timu ya nje kwa kipaji hicho. Wateja wa aina hii ni wachache, waaminifu na wenye ujuzi, na hawapaswi kuachwa wawale wageni. Weka sheria ukutani: ukishinda mara tano mfululizo unatoka, unaketi, unasubiri zamu.

Tufanye hesabu kwa bei za mfano. Weka zako utakapojua mtaa unalipa ngapi. Tuseme mechi ya kandanda ni shilingi 20. Ukipanga kila kipindi dakika nne, saa ya mchezo ni dakika nane, lakini ongeza dakika za nyongeza, mapumziko, marudio ya mabao na kuchagua timu, utafika dakika 12. Hizo ni mechi tano kwa saa, shilingi 100. Mortal Kombat kwa shilingi 10, dakika nne pamoja na kuchagua mhusika, ni mechi 15, shilingi 150. Kwenye karatasi ngumi imeshinda. Sasa zidisha kwa saa zenye watu: kandanda ikijaza skrini saa saba kwa siku ni 700, ngumi ikijaza saa mbili ni 300. Wanaofungua banda huku wakiangalia kiwango cha saa pekee hukosea hapa.

Hizo dakika 12 ndizo faida yako, kwa hiyo zilinde. Sare iende penalti moja kwa moja; muda wa ziada ukiuruhusu, mechi ya shilingi 20 inakula dakika 18 na foleni inaanza kunung'unika. Kuchagua timu ni dakika moja, baada ya hapo unabonyeza wewe. Marudio ya bao yarukwe. Kusimamisha mchezo kuruhusiwe mpira ukiwa umetoka tu, la sivyo kuna mjanja atakayesimamisha kila mwenzake anapobaki na kipa. Kwenye ngumi huhitaji sheria nyingi. Usijaribu kuwazuia wasitazame Fatality, lile pigo la kumalizia. Haichukui hata nusu dakika, na ndiyo inayowaleta watoto mlangoni. Alama ya umri kwenye kasha la Mortal Kombat ni 18, hata hivyo, na GTA V vilevile. Skrini yenye gemu hizo igeuzwe isitazamane na mlango, na mwenye sare ya shule asiketi hapo, wala kwenye skrini nyingine yoyote saa za masomo. Mzazi mmoja akifika kwa chifu, hakuna gemu itakayokufaa.

GTA V italetwa kwako kama ombi kila siku. Ni ya mmoja, haina mwisho, na mteja wa shilingi kumi hataki hadithi: anataka kuiba gari, kubonyeza msimbo wa kupata silaha na kukimbizwa na polisi. Ifae kwa saa zilizokufa, asubuhi hadi saa nane mchana, kwa bei ya dakika, saa ikiwa juu ya televisheni mahali ambapo wewe na mteja mnaiona. Foleni ya kandanda ikifika watu wanne, GTA inatoka. Mbio za magari nitazipita haraka: kila mtu husema anazipenda, na chache kati ya zile mpya zinagawa skrini. Gran Turismo 7 inagawa, ila inataka intaneti kwa sehemu kubwa ya mambo yake. Moja inatosha, nayo iwe ya mtumba. Mikakati na uigizaji, zile za kukuza mhusika kwa saa mia moja, ni za nyumbani.

Kuna mahali ambapo umaarufu wa aina huonekana kwa macho, bila kuuliza mtu: ndani ya pedi zilizochakaa. Kandanda huua kijiti cha analogi cha kushoto na kitufe cha R2, kwa sababu R2 ndicho cha kukimbia na kila kijana hukiminya dakika zote kana kwamba nguvu za kidole zinaongeza mwendo. Ndani ya kijiti kuna vipande viwili vyenye njia ya kaboni; kaboni ikilika, mchezaji anaanza kutembea peke yake bila kuguswa. Kusafisha kwa spiriti hutuliza siku chache tu. Dawa ni kubadilisha moduli nzima, ambayo kwenye pedi ya PS4 imeshikwa na pini 14 za kulehemu, kwa hiyo si kazi ya bisibisi peke yake. Peleka kwa fundi anayefyonza risasi ya kulehemu ya zamani vizuri, na ukikusanya pedi tatu au nne kwa mara moja utaelewana naye bei. Luthuli Avenue wapo wa kutosha. Ngumi zenyewe haziumizi kijiti sana. Huua msalaba wa kushoto na vitufe vinne vya kulia, yaani ile mipira midogo iliyo chini yake, na hiyo ni rahisi: fungua skrubu nne, toa mpira, weka mpya, dakika ishirini.

Nunua pedi kumi kwa skrini nne, mbili kila moja na mbili za akiba, na uzitie alama: kandanda, ngumi. Usizichanganye. Pedi ya ngumi yenye kijiti kizima ikihamishiwa kandanda itakuwa na ubovu wa aina mbili ndani ya mwezi. Betri ya pedi ya PS4 ni ndogo, milliampia-saa 1,000, kwa hiyo chezesheni kwa waya. Na waya ufungwe kwenye mguu wa meza kwa kamba, ukiacha mkono mmoja wa urefu, ili mtu akiruka kushangilia bao avute meza, asing'oe tundu la kuchajia.

Jambo la diski pia linagusa uchaguzi wako wa aina. PS4 hudai diski iwe ndani hata gemu ikiwa imeshawekwa kwenye mashine. Kubadilisha kutoka kandanda kwenda ngumi basi ni kutoa diski na kuingiza nyingine, mara kumi kwa siku, kwa mikono yenye mafuta ya chipsi. Ndiyo maana nakushauri skrini moja iwe ya ngumi na ibaki hivyo, tatu ziwe za kandanda, na zile za kubadilisha-badilisha, GTA na magari, zikae kwenye mashine moja tu kati ya hizo tatu, ikiwezekana kwa nakala ya kupakua.

Umeme haubagui aina. PS4 Slim na televisheni ya inchi 43 ni kama wati 170 pamoja, skrini nne ni 680, saa kumi ni karibu uniti saba. Zidisha kwa bei iliyo kwenye risiti yako ya tokeni. Skrini iliyokaa bure kwenye menyu nayo hula umeme.

Baada ya hapo, daftari. Nunua la mistari, chora safu tano: saa aliyoingia, gemu aliyoiomba, gemu aliyoicheza, pesa alizolipa, na idadi ya waliosimama nyuma. Safu ya pili na ya tatu zisiunganishwe, kwa sababu mtu akikosa anachotaka hucheza kilichopo, na ukiandika alichocheza tu, daftari litakuambia kwamba wateja wako wanapenda kile ulichonunua. Ukurasa wa nyuma uwe wa walioondoka bila kucheza na walichouliza. Huo ndio utakaoujali zaidi baada ya mwezi. Andika wiki mbili za muhula na wiki moja ya likizo, Aprili, Agosti au Desemba, maana likizo huleta watoto, na watoto hubadilisha uwiano. Jumamosi usiichukue kama kipimo cha wiki: mechi kubwa ya Uingereza ikianza saa kumi na moja au kumi na mbili jioni, skrini zinaweza kukaa bure saa mbili, kisha ukajaa hadi ufunge, kila mmoja akitaka kurudia mechi ile ile aliyotoka kuiona, na aliyefungwa akitaka kulipiza.

Wachezaji wakiwekeana dau kati yao utalisikia tu, hutalizuia lote. Ila kaka yako asishike pesa zao wala asikate asilimia. Ukifanya hivyo umetoka kwenye gemu umeingia kwenye kamari, yenye leseni yake na wakaguzi wake, na kibali cha biashara cha kaunti hakiifuniki.

Mwisho wa Septemba toleo jipya la FC hutoka, kwa bei ya juu, na wateja watatu wenye sauti watakuambia hakuna anayecheza la zamani tena. Nunua diski moja. Iweke kwenye skrini iliyo karibu na mlango, toza shilingi tano zaidi, na uache nyingine mbili ziendelee na toleo la mwaka jana, hadi siku daftari litakapoonyesha watu wamesimama nyuma ya ile moja huku mbili zikiwa na viti vitupu.